Nani Ameshika Kamba?

Bwana Yesu asifiwe, wapendwa.

Wiki hii nimekuwa na uzito moyoni. Dada mmoja aliyekuwa akipikia wageni wa semina yetu aliungua mkono kwa mafuta ya moto. Jumapili shukrani zikasomwa: wahubiri, kwaya, hata waliotuazima viti. Yeye hakutajwa, na gharama za zahanati amebeba mumewe. Nimeomba, nimekasirika, nimeomba tena.

Katika kuomba huko nikamkumbuka Mwingereza mmoja, Vic Armstrong. Wengi wetu tulikua tukiambiana kwenye vibanda vya video kwamba stelingi hafi. Hafi kwa sababu yupo mwingine anayeanguka badala yake, na kwa miaka mingi huyo mwingine alikuwa Armstrong. Aliingia kwenye filamu miaka ya 1960 kwa uhodari wake wa kupanda farasi. Mwaka 1967 alikuwa miongoni mwa wale walioteleza kwa kamba ndani ya volkano kwenye picha ya James Bond. Alifanya stanti, yaani michezo ya hatari, kwa niaba ya stelingi Christopher Reeve katika Superman ya 1978. Ile filamu ya Indiana Jones ya 1989, anayeruka kutoka kwenye farasi hadi juu ya kifaru cha vita ni yeye, si stelingi Harrison Ford. Na walipokuwa wakitengeneza ile ya 1984, Ford akaumia mgongo na kupelekwa Marekani kupasuliwa, kazi haikusimama: Armstrong alivaa kofia ya Indiana Jones, akapigwa picha kwa mgongoni. Watazamaji hawakujua.

Kilichonishika zaidi ni alichofanya kwa wenzake. Zamani aliyeruka kutoka ghorofani aliangukia rundo la maboksi au mfuko wa hewa, basi. Armstrong akaboresha mtambo wa waya uliozungushwa kwenye ngoma yenye mapanga ya feni. Mtu akianguka, waya unavutika, mapanga yanashindana na hewa, naye anashuka kwa mwendo uliopimwa hadi chini akiwa mzima. Mwaka 2001 akapewa kwa ajili hiyo tuzo ya kiufundi ya Oscar. Mtu aliyeishi kwa kuanguka alikaa chini akafikiri namna wengine watakavyoanguka bila kuvunjika!

Wapendwa, watu wa filamu wanapima kamba kabla mwenzao hajaruka. Sisi tuliooshwa kwa damu ya Mwanakondoo tunapima nini? Tunamrusha mama wa jikoni, tunamrusha kijana wa vyombo anayelala kanisani akilinda spika, tunamrusha mke wa mchungaji anayepokea wageni usiku na mchana. Wakianguka tunasema, "Mungu atamlipa." Ni kweli atamlipa. Lakini Haruni na Huri hawakumwambia Musa kwamba Mungu atamlipa. Walimletea jiwe akakalia, wakaishika mikono yake hadi jua likachwa. Paulo naye anasema viungo vidhaniwavyo kuwa vinyonge zaidi vyahitajiwa zaidi. Tunaisoma, tunaitikia amina, halafu bajeti ya mwaka inapita bila hata shilingi ya matibabu ya mtumishi wa kujitolea.

Nawasihi wazee wa kanisa, na nasema kwa heshima: pangeni fungu hilo kabla ya semina ijayo. Wekeni zamu jikoni ili mtu apumzike. Mwulizeni kijana wa spika kama amekula. Mchukuliane mizigo, ndivyo tulivyoagizwa.

Na wewe dada, wewe kaka unayehudumu nyuma ya pazia hadi mwili unatetemeka, usiogope kusema umechoka. Kusema hivyo si kukosa imani. Bwana huwategemeza wote waangukao, na mara nyingi hututegemeza kwa mikono ya ndugu. Mwite mmoja leo, mwambie ukweli, mwache aje akusaidie.