Samawari ya Sasha

Kabla ya kwenda Tula nilipita kwanza Novospassky, monasteri yenye kuta nene nyeupe ukingoni mwa Mto Moskva. Leo watu huenda pale kusali. Mwaka 1920 palikuwa kambi ya wafungwa, na humo alifungwa Alexandra Tolstaya, binti wa mwandishi mashuhuri wa Urusi Leo Tolstoy, akiwa na miaka 36. Watu waliopinga utawala mpya walikuwa wakikutana nyumbani kwake. Mahakamani alipoulizwa alishiriki vipi, alisema alikuwa akiwawashia samawari. Wakampa miaka mitatu, ingawa hakuimaliza.

Mimi nimelelewa na bibi Tanga, na sauti ya samawari yake ndiyo iliyokuwa ikituamsha alfajiri. Tangu niliposoma habari ya mwanamke huyu, nikiwa mwanafunzi mgeni Moscow, hakunitoka moyoni.

Treni ya Tula hutoka kituo cha Kursky. Ni kilomita zipatazo 200, na siku ile ya Oktoba mvua ilitusindikiza njia nzima. Tula ndio mji wa samawari zenyewe. Zimejaa madirishani mwa maduka, nyingine ndogo kama birika, nyingine zinamfika mtoto kifuani. Nilizitazama mpaka basi dogo la kwenda Yasnaya Polyana, shamba na nyumba ya Tolstoy, likakaribia kuniacha.

Langoni kuna minara miwili mifupi ya mviringo, kisha bwawa kubwa, kisha njia inayopanda katikati ya miti yenye gome jeupe. Ndani ya nyumba, bibi mmoja mlinzi aliniita binti yangu, akaniinamia kuhakikisha nimevaa vizuri vifuniko vya viatu. Wenzangu walikimbilia meza ya mwandishi. Mimi nikamuuliza, "Bibi, Sasha alikuwa akifanyia kazi wapi?" Sasha ndilo jina walilomwita nyumbani. Akanitazama kidogo, kisha akanionyesha chumba chenye taipureta ya Remington.

Nilisimama pale muda mrefu. Mwandiko wa Tolstoy ulikuwa wa kutesa: mistari imekatwa, maneno yamebanwa pembezoni, mshale huku, mshale kule. Binti yake aliusoma na kuupiga chapa, siku baada ya siku, baba akaurudisha umekatwakatwa upya. Baba yangu alipopoteza macho, mimi ndiye niliyekuwa nikimwandikia barua zake, na najua jinsi mtu anavyoanza kuyasikia maneno ya mzazi kabla hajayatamka. Kazi hiyo haionekani popote kwenye kitabu kikishachapwa.

Kutoka hapo nilikwenda msituni, kwenye kaburi la Tolstoy. Ni tuta la majani ukingoni mwa korongo, bila msalaba wala jina. Watu hunyamaza wenyewe. Nilimfikiria Sasha, ambaye baba alimrithisha maandishi yake yote mwaka 1910 ili yawe mali ya umma. Aliuza haki ya kuchapa yale ambayo hayakuwa yametoka, na kwa fedha hizo akanunua sehemu kubwa ya ardhi hii kutoka kwa ndugu zake na mama yake, akawagawia wakulima. Vita vya Kwanza vya Dunia vilipoanza akawa muuguzi. Alipotoka kifungoni alirudi hapa kuisimamia nyumba kama makumbusho, akaendesha na shule. Mwaka 1929 alikwenda Japani kutoa mihadhara na hakurudi tena. Baadaye, huko Marekani, alifuga kuku na kukamua ng'ombe, kisha mwaka 1939 akaanzisha shirika la kusaidia wakimbizi, Tolstoy Foundation, lililopokea maelfu ya watu waliopoteza makwao. Alifariki mwaka 1979 akiwa na miaka 95, na amezikwa jimbo la New York, mbali na msitu huu.

Jua lilikuwa linazama niliporudi kwa njia ya zizi la farasi. Njia hii ndiyo niliyoitaka zaidi. Usiku wa tarehe 28 Oktoba 1910, kwa kalenda ya zamani ya Urusi, Tolstoy, mzee wa miaka 82, aliamua kuikimbia nyumba yake. Alimwamsha Sasha. Wakafunga mizigo kwa mwanga wa mishumaa, wakinong'ona, mama asiamke. Baba alitangulia gizani, akapotea, akajigonga kwenye miti, kofia ikaanguka asiione tena. Sasha na wenzake wakabeba mizigo katika tope.

Wapo wanaomlaumu kwamba alimsaliti mama yake. Mimi siwezi. Alikuwa na miaka 26, na baba yake alikuwa anatetemeka kwa hofu ya kufuatwa na mkewe.

Tope la njia ile lilinishika viatu hata mimi. Gari la farasi lilipoondoka na baba, na daktari akiwa kando yake, Sasha aligeuka akarudi nyumbani, mama akiwa bado amelala, na barua ya kumpa akiamka.