Mweka alama aliyevaa nguo za kitoto

Vipindi vya chemshabongo vya mastaa vina ugonjwa mmoja: kila mtu anajifanya alama zina maana. Ndiyo maana naipenda Shooting Stars ya BBC, ya miaka ya 1990. Waendeshaji wake, wachekeshaji Vic Reeves na Bob Mortimer, hawakuukejeli mchezo kwa maneno. Waliufuata kwa utiifu kabisa, kisha wakaujaza upuuzi. Timu mbili zipo, manahodha wapo (Ulrika Jonsson na Mark Lamarr), ila mweka alama ni Matt Lucas, mtu mzima mwenye upara, kavaa nguo za kitoto na kuketi nyuma ya ngoma.

Raundi ninayoipenda ni ile ambayo Vic anaimba wimbo maarufu huku akimeza maneno yote, na wageni wautambue. Tazama nyuso zao! Wengine wanatafuta jibu kweli kweli, maskini. Halafu kuna njiwa bandia anayeshuka na mada za maswali. Mastaa wanaombwa wamwite kwa sauti ya njiwa. Wanaita.

Toleo la 2009 hadi 2011 halikunikuna sana. Lamarr hakuwepo, na kununa kwake ndiko kulikokoleza utani. Mchekeshaji Jack Dee, aliyeshika unahodha wake, alinuna pia, ila yeye kununa ndiyo kazi yake.