Nilishushwa

Jumamosi, usiku. Taa ya sola imeanza kufifia na bibi ameshanifukuza mara mbili nikalale, lakini nikilala sasa, kesho nitakuwa nimesahau maneno yenyewe yalivyosemwa.

Leo wapimaji wamepita kwetu. Ndiyo sababu niko huku. Baba mdogo alinipigia simu Dar mwanzoni mwa wiki: zamu ya kitongoji chetu imefika, kila mwenye shamba anaonyesha mipaka yake ili baadaye apate hati miliki ya kimila, na bibi anataka awepo mtu wa kumsomea maandishi madogo. Nikapanda treni ya umeme, chini ya saa nne nikawa Dodoma mjini, halafu basi dogo, halafu bodaboda upande wa Bahi, vumbi likiniingia mpaka mfukoni. Nilipomsimulia bibi safari ilivyokuwa fupi, alicheka. Lori lililomleta yeye hapa mwaka 1971 liliondoka alfajiri likafika jua limezama, na kule lilikotoka, ukipanda kichuguu kilicho nyuma ya nyumba yetu, unakuona kwa macho. Siku nzima lilikuwa likipita nyumba moja baada ya nyingine kukusanya watu.

"Wewe umesafiri, mke mwenzangu," akaniambia. "Mimi nilizungushwa."

Kupima kwenyewe hakukuchukua muda. Vijana wawili walitembea na bibi kutoka kona hadi kona, majirani wa pande zote wakifuata kama mashahidi, na kwenye kila kona kijana mmoja alisimama kimya na simu yake mpaka ilie. Kisha tukaketi kivulini, na kijana wa tatu akatoa fomu. Jina. Umri, ambao walikubaliana kwa makisio. Halafu akasoma swali lililofuata kwa sauti ya mtu aliyekwisha kulisoma mara arobaini tangu asubuhi.

"Ardhi hii uliipataje, bibi? Urithi, kununua, kufyeka pori, au kupewa na kijiji?"

Bibi alikuwa akimenya karanga. Hakuinua macho.

"Nilishushwa."

Kijana akasubiri, akidhani sentensi haijaisha. Ilikuwa imeisha.

"Yaani ulipewa na kijiji."

"Kijiji hakikuwepo, mwanangu. Tulishushwa ndipo kikawepo."

Watu wakacheka, na yule kijana naye akacheka, lakini kalamu yake ilibaki hewani. Kwenye fomu hakukuwa na kisanduku cha walioshushwa.

Sisi wa Dodoma tulikuwa kati ya waliotangulia. Operesheni ya kuwakusanya watu kwenye vijiji ilipamba moto kwetu mwaka 1971, wakati sehemu nyingi za nchi bado zinashauriwa kwa maneno. Amri ya nchi nzima ilikuja Novemba 1973, Mwalimu Nyerere alipotangaza kwamba kuishi vijijini si hiari tena. Mwaka huohuo ikaamuliwa makao makuu ya nchi yaletwe Dodoma. Kwa hiyo mkoa wetu umejua yote mawili, kuhamishwa na kuhamiwa, na mpaka leo sijui lipi limetuchosha zaidi.

Nimekua nikisikia watu wakibishana kuhusu miaka ile. Wapo wanaoisifu: shule, zahanati, bomba la maji, watoto wa makabila tofauti kwenye dawati moja. Wapo wanaoilaani. Mimi kila nikitaka kuisifu nakumbuka paa. Nyumba ya babu ilikuwa tembe, ile yetu ya paa bapa la miti na udongo, na waliokuja na lori walianza kwa kulibomoa paa ili mtu asipate wazo la kurudi usiku. Bibi alikuwa na miaka ishirini na kitu, baba yangu mgongoni. Aliambiwa abebe kinachobebeka. Akapakia ngozi ya kulalia, kibuyu cha mbegu za uwele, na jiwe lake la kusagia. Jiwe lile likazua ugomvi. Mtu wa lori alimwambia mawe yapo kokote, hata huko aendako. Bibi hakubishana. Alipanda, akaliweka katikati ya lori, akalikalia.

Lipo hadi leo, karibu na mlango wa jikoni. Hakuna anayelisagia tangu mashine ya kusaga ifike. Limelika katikati, bonde laini kama kiganja, na mvua ikinyesha kuku hunywea humo.

Usiku ule wa kwanza ndio ninaopenda kuusikia, na leo alinisimulia tena bila kuombwa, kwa sababu mzee jirani alikuwepo na kila mmoja alikuwa akimsahihisha mwenzake. Viwanja vilikuwa vimepimwa kwa kamba na vigingi, mistari miwili iliyonyooka kwenye pori lililofyekwa siku chache kabla. Mkashushwa, mkapangwa foleni. Aliyesimama mbele yako kwenye foleni ndiye akawa jirani yako wa kulia, na aliyesimama nyuma yako akawa wa kushoto. Kwa foleni tu, ukapata mtu atakayemzika mume wako na ambaye watoto wake watakula kwako mpaka waote ndevu. Babu alipigania kubadilisha kiwanja ili akae karibu na ndugu yake. Hakupewa.

Hawakuwa na nyumba, hawakuwa na moto. Walilala chini ya mti. Giza lilipoingia, mke wa jirani, ambaye familia yake ilikuwa imeshushwa siku mbili kabla, akaja kutoka kwenye kibanda chake cha matawi akiwa na kaa la moto kwenye kigae cha chungu. Hawakuwa wamewahi kuonana. Aliliweka chini, akasema "Mbukwenyi," salamu ya Kigogo, akarudi kwake kunyonyesha. Basi.

Bibi anasisitiza kwamba moto ule ulidumu mpaka masika, kwamba hakuwahi kuuacha uzime. Mzee jirani anasema uongo, mkewe alipeleka makaa angalau mara tatu.

Yule mama alifariki nilipokuwa darasa la pili. Namkumbuka kwa mikono tu, mikono iliyokuwa ikitupangusa vumbi usoni bila kuuliza mtoto ni wa nani. Mzee amebaki, na yeye na bibi wamegombania ua wa minyaa kwa miaka zaidi ya umri wangu. Madai ya mzee ni kwamba minyaa ya bibi inatembea. Kila masika inasogea upande wake kidogo, tena usiku. Limeshafika kwa balozi, limeshafika kwa mwenyekiti, na halijawahi kuwazuia kupelekeana mlenda. Leo nilikuwa nimejiandaa kwa vita. Simu ya kijana ililia kwenye kona ya minyaa, akauliza, "Mzee, unakubali mpaka upo hapa?" Mzee akautazama ua kwa muda mrefu sana.

"Upo hapo," akasema. "Leo umesimama."

Nilikuwa na jambo moja nililolibeba kutoka Dar na sikujua nitalitua vipi. Kwenye treni nilikuwa nimeisoma Sheria ya Ardhi ya Vijiji ya mwaka 1999, na humo kuna kifungu cha 15. Kinasema ardhi ambayo watu walipewa kati ya tarehe 1 Januari 1970 na 31 Desemba 1977, wakati wa kuhamishiwa vijijini, ni yao kihalali, hata kama waliowapa hawakufuata sheria yoyote. Hiyo ni habari njema. Lakini upande wa pili wa kifungu ni kwamba haki ya waliokuwa na ardhi hiyo kabla ilifutwa. Mtu mmoja alihamishwa kwenye mahame yake, mwingine akashushwa juu ya mahame ya mtu, na sheria ikasema iwe imekwisha.

Mahame ya bibi nayajua. Alitupeleka tukiwa wadogo kuokota ubuyu: ukuta umebaki kama kifundo cha udongo, mafiga matatu bado yamekaa, na makaburi ya wazee ambayo yeye huyafagia kwa tawi kabla ya kuokota chochote. Tulipomaliza uporo mchana, nikamsomea kifungu polepole, nikageuza maneno magumu kuwa mepesi. Nilitarajia ahuzunike, au akasirike.

"Na mbuyu?"

"Mbuyu haukutajwa, bibi."

"Basi nitaendelea kuokota ubuyu."

Akarudi kwenye karanga zake. Baadaye kidogo, kama mtu anayeendelea na mazungumzo mengine kabisa, akasema ile sheria ya 1975 iliyotaka kaya zisizopungua 250 ndipo kijiji kiandikishwe, waliisikia kwa mwenyekiti, na walihesabiwa mpaka waliolala msituni. "Walitutafuta tutimie," akasema. Sikuelewa kama anacheka.

Fomu ilibakiza sehemu moja, ya watu wa nyumba hii wanaotegemea shamba. Bibi akataja: baba yangu, ingawa yuko Morogoro. Baba mdogo. Shangazi. Mimi, nikaona aibu kidogo kwa sababu sijashika jembe tangu nimalize kidato cha nne. Kisha akataja jina la yule mvulana.

Ana miaka kumi na moja sasa. Mama yake alikuja kufanya vibarua wakati wa kuvuna alizeti, mwaka ambao mvulana alikuwa na miaka mitatu, akamwomba bibi amshikie mtoto mpaka Jumatatu. Jumatatu nyingi zimepita. Anamwita bibi "bibi," naye bibi anamwita "mume wangu," kama anavyowaita wajukuu wake wote wa kiume, na jioni ndiye anayejua ni mbuzi gani hajarudi.

Kijana wa fomu aliangalia jina, akaangalia majina mengine. Ukoo haukufanana.

"Huyu ni nani wako, bibi?"

"Andika."

"Naandika, lakini hapa wanataka uhusiano."

Bibi akanyamaza. Niliona anatafuta neno, naye si mtu wa kutafuta maneno. Nikafungua mdomo nisaidie, lakini mzee jirani aliwahi, akiwa bado anafuta wino kidoleni kwa jani.

"Huyo naye alishushwa."

Kijana akamtazama mzee, akamtazama bibi. Halafu akainama, akaandika: mjukuu. Mvulana alikuwa amesimama nyuma yake muda wote huo. Akasogea, akasoma mstari wake kwa kidole, akasema jina lake limekosewa herufi moja.