Unga mweupe na madoa meusi ya mwembe

Mwembe wa bibi yangu hapa Tabora ni wa zamani kiasi kwamba hakuna katika ukoo anayemkumbuka aliyeupanda, na kwa misimu miwili mfululizo ulichanua vizuri lakini haukutupatia maembe ya kujaza hata tenga moja. Bibi alisema ni upepo. Mimi nilinunua dawa ya wadudu katika duka la pembejeo, nikaipuliza kwa bomba la mgongoni, na maua yakaendelea kupukutika vilevile, kwa sababu muuzaji hakuniuliza dalili nami sikuwa nimeyatazama maua kwa karibu.

Nilipoinamisha tawi nilikuta unga mweupe umefunika vikonyo na vitumba, na vitunda vilivyokuwa vimeanza kufunga vimegeuka rangi ya kahawia. Huo ni ubwiri unga, ugonjwa ambao wakulima wa korosho wa Mtwara wanaufahamu vyema. Kuvu inayouleta ni ya jenasi ya Erysiphe, ambayo pia hushambulia mialoni huko Ulaya. Haingoji mvua, hustawi usiku ukiwa wa baridi na mchana mkavu, yaani hali yetu ya Juni na Julai, wakati ambao mwembe umechanua. Dawa yake ni salfa, nayo hupulizwa tangu vishada vinapoanza kutoka, tena asubuhi, kwa kuwa jua likiwa kali salfa huunguza maua.

Madoa meusi yanayodidimia kwenye embe lililoiva ni ugonjwa mwingine, chule, na hapa ndipo wengi tunapokosea. Chule husambazwa na matone ya mvua kutoka kwenye vijiti na majani yaliyokufa, huingia katika tunda likiwa bado bichi, kisha hujificha humo bila dalili yoyote mpaka tunda liive, hata mtu akadhani embe limeharibikia sokoni. Salfa haiufai, hutumika dawa zenye shaba, ambazo nazo ni dhaifu kwa ubwiri unga, na hupulizwa kabla madoa hayajaonekana.

Kwa maoni yangu, hata hivyo, msumeno hutangulia bomba. Baada ya mavuno nilikata matawi makavu na yaliyosongamana ili hewa na mwanga vipite, nikafukia mabaki yote mbali na shina. Sasa vishada vya kwanza vimetoka, na kila asubuhi bibi huniita nivikague kabla ya chai.