Elfu mbili kwanza, asilimia baadaye

Likizo ile ya kidato cha tano nilikaa kwa mama mdogo, Kirumba, Mwanza, na kila alfajiri nilimfuata mwaloni, kwenye soko la dagaa kando ya ziwa, kumshikia daftari la mauzo. Nilikuwa EGM, yaani uchumi, jiografia na hisabati, na katika herufi hizo tatu ni M ya hisabati iliyoninyima usingizi. Mada ya fanksheni, yaani kanuni inayopokea namba na kutoa namba nyingine, tuliimaliza mbiombio kabla ya kufunga shule. Mwalimu alipata nafasi ya kutuambia kwamba f yenye mabano, ile f(x), aliianza Leonhard Euler, Mswisi aliyekuwa akifanya kazi Saint Petersburg, mwaka 1734. Ya fanksheni kuingia ndani ya fanksheni tuliyakariri tu: anza na mabano ya ndani, jibu lake lipeleke nje.

Kilikuwa kipindi cha giza. Mwezi usipoonekana, dagaa huzifuata taa za wavuvi kwa wingi, na bei mwaloni hulegea. Akaja mteja kutoka Kongo, anataka magunia 60. Mama mdogo akataja 60,000 kwa gunia. Wakapatana mawili: mzigo ni mkubwa, kwa hiyo apunguziwe asilimia 10; tena amekuja na vibarua wake wa kushindilia na kushona, basi 2,000 ya kazi hiyo itoke kwenye kila gunia. Wakapeana mikono. Varangati lilianza kwenye kulipa.

"Hamsini na mbili elfu, Mama," alisema mteja.

"Na mia mbili, baba. Usiisahau mia mbili yangu."

Simu zikatolewa, kila mmoja akabonyeza mbele ya mwenzake, na kila simu ikamuunga mkono mwenyewe. Kwa magunia 60 hiyo ni 12,000, na mwaloni watu wamegombana kwa pungufu ya hapo. Nilichukua kipande cha boksi nikaandika f(x) = 0.9x, ile ya asilimia, na g(x) = x − 2,000, ile ya kushona. Mteja alianza na f: 54,000, akatoa 2,000, akapata 52,000. Mama mdogo alianza na g: 58,000, akaikata asilimia 10, ikabaki 52,200.

Kuli mmoja aliyeegemea mkokoteni akasema tatizo ni bei kuwa kubwa, tujaribu na dagaa wa chakula cha kuku, wa 40,000. Nikajaribu: 34,000 na 34,200. Mia mbili ileile! Hapo ndipo nilipolielewa somo ambalo ubaoni lilinipita. Njia ya mteja ni 0.9x − 2,000. Ya mama mdogo, ukifungua mabano, ni 0.9x − 1,800. Weka x yoyote unayotaka, tofauti haitikisiki, kwa sababu ni asilimia 10 ya ile 2,000 yenyewe.

Hesabu zote mbili zilikuwa sahihi, kwa hiyo boksi langu halikuamua chochote. Aliyekuwa na hoja ni mama mdogo, ambaye hiyo f hakuwahi kuisikia. "Mimi nakupunguzia dagaa," alimwambia. "Kushona si dagaa. Toa kwanza kushona, kinachobaki ndicho dagaa, hicho ndicho nakipunguzia." Mteja naye akamjibu kwamba asilimia waliitaja kwanza, na waliitaja juu ya 60,000. Kusema kweli alikuwa na haki yake, ingawa mbele ya mama mdogo sikuthubutu kulitamka hilo.

Waligawana mia mbili: 52,100. Hakuna fanksheni yoyote pale bokisini iliyotoa jibu hilo.

Wiki iliyofuata akaja mwenzake mteja yule, naye na vibarua wake, akauliza gunia linaendaje. Mama mdogo hakuitaja 60,000 kabisa. "Hamsini na nane elfu, unashona mwenyewe," alisema. "Haya, niambie unachukua mangapi, ndipo tuongee asilimia."