Liz Smith, aliyeng'aa akikaribia miaka 50
Wiki hii nimetazama tena The Royle Family, tamthilia ya vichekesho ya televisheni ya Uingereza kuhusu familia moja, na macho yangu yamebaki kwa Liz Smith, aliyeigiza bibi wa familia hiyo kuanzia mwaka 1998. Mwigizaji huyu Mwingereza, aliyezaliwa Scunthorpe mwaka 1921 na kulea watoto wawili peke yake, alikuwa akiuza vitu vya kuchezea katika duka la Hamleys, London, pale mwongozaji Mike Leigh alipompa nafasi katika Bleak Moments, filamu iliyotoka mwaka 1971. Baadaye A Private Function ya mwaka 1984 ilimpatia tuzo ya BAFTA, tuzo kuu ya filamu ya Uingereza, ya mwigizaji msaidizi bora wa kike. Ninampenda hasa kwa namna anavyosikiliza: wenzake wanapozungumza, uso wake unaendelea kuigiza, nami hujikuta nikimtazama yeye badala ya msemaji.