Ndondi za sinema bubu: pima kwa raundi

Anayetaka kuonyesha ndondi za kale kwenye kibanda cha video hapa Dodoma aanze na spidi. Watu wakicheka kabla ngumi haijatua, picha inakimbia.

Kamera nyingi za enzi hizo zilizungushwa kwa mkono: mizunguko 2 kwa sekunde, fremu (picha moja moja) 8 kila mzunguko, jumla 16 kwa sekunde. Nakala nyingi za leo huchezwa kwa 24. Uzuri wa ndondi ni kwamba saa imo humo humo. Chagua raundi isiyokatwa, pima kwa simu tangu mabondia wanyanyuke kwenye kona hadi warudi kukaa. Raundi ya dakika 3 ikiisha kwa dakika 2, teremsha spidi ya VLC, programu ya kuchezea video, hadi 0.67. Faili ya fremu 25 inataka 0.64. Ukiona picha inasita-sita kila mara, huenda aliyeinakili alishairekebisha kwa kurudia fremu, usiipunguze tena.

Pambano la Leonard na Cushing la 1894 halipimiki hivyo. Raundi zake zilikuwa za dakika 1 tu, kwa kuwa mashine ya mvumbuzi Mmarekani Thomas Edison ilibeba filamu fupi, na kamera yake iliendeshwa kwa mota ya umeme.

Pambano la Corbett na Fitzsimmons, Carson City, Marekani, 17 Machi 1897, ndiyo kazi kubwa hasa. Mtengeneza filamu Enoch Rector aliweka kamera 3 kwenye kibanda kimoja ili moja ikiishiwa filamu nyingine iendelee, akanasa raundi zote 14 kwa filamu ya upana wa milimita 63. Vimebaki vipande tu, kwa hiyo usimwahidi mteja pambano zima.

Kandanda ni ngumu zaidi: hakuna raundi, na goli mara nyingi halimo, maana filamu ilikuwa ghali na kamera haikuweza kuufuata mpira. Watengeneza filamu Mitchell na Kenyon wa Blackburn, Uingereza, waliwapiga picha sana mashabiki, ambao baadaye walilipa kujitazama. Basi pima kwa mwendo wa watu getini.

Kwa filamu nyingi za enzi hizo runinga pana iwekwe 4:3 (upana kwa kimo), la sivyo mabondia wote wanakuwa wanene; ile ya Corbett na Fitzsimmons ilipigwa kwa picha pana zaidi. DJ wa kutafsiri apewe mapema majina na rangi ya kaptula, kwa sababu kwenye kijivu kile Corbett na Fitzsimmons hawatofautiki kirahisi. Kama ni projekta ya uani, msianze kabla ya saa moja na nusu usiku.